Unataka kwenda kuona rais wa Marekani akiapishwa? Soma hii kwanza

Rais ajaye wa Marekani anaapishwa Jumamosi tarehe 20 Januari 2029. Najua bado ni mbali, ila kila baada ya miaka minne watu wananiuliza maswali yale yale na wanauliza ikiwa imebaki wiki moja, hoteli zimeshajaa, tiketi zimeshagawiwa, basi nimeona niandike mapema. Mimi nilienda ile ya 2009, ya Obama, nikasimama kwenye nyasi za National Mall, ule uwanja mrefu wa wazi pale Washington, karibu na mnara wa Washington, watu wanakadiriwa walifika milioni 1.8, baridi chini ya sifuri, na bado ningerudi hata kesho. Ila kuna mambo nilijifunza kwa kuumia, na sioni kwa nini na wewe uumie.

Tuanze na tiketi maana hapo ndo wengi wanaibiwa. Tiketi ni bure. Bure kabisa. Kuna kamati ya pamoja ya Bunge inayosimamia sherehe, inagawa tiketi kwa ofisi za maseneta na wabunge, halafu hizo ofisi zinawapa wananchi wa majimbo yao, mwaka 2025 zilikuwa zaidi ya 220,000. Kwa hiyo kama unaishi Marekani una milango mitatu ya kugonga: mbunge wako wa Baraza la Wawakilishi na maseneta wako wawili. Uchaguzi wa Novemba ukiisha tu ingia kwenye tovuti zao, ofisi nyingi huweka fomu ya maombi, jaza zote tatu siku hiyo hiyo, usisubiri Krismasi. Ukipata, kwa kawaida unaenda kuichukua mwenyewe ofisini kwao pale Washington siku chache kabla, ukiwa na kitambulisho, kwa hiyo panga kufika mjini mapema. Na mtu akikuuzia mtandaoni, achana naye, hata kama ana picha ya tiketi na maneno matamu.

Ukikosa usikate tamaa. Tiketi ni za eneo la karibu na Capitol tu, yaani jengo la Bunge, ukirudi nyuma huku Mall kuelekea mnarani hakuna anayekudai kitu, unapita ukaguzi unasimama, na kuna skrini kubwa na maspika njia nzima. Mimi sikuwa na tiketi, na nilichokiona ni kidoti cheupe kwa mbali ambacho ndo Capitol, vingine vyote skrini. Ila sauti ya watu wale wote ikiviringika kutoka mbele kuja nyuma kama wimbi, hiyo kwenye TV hupati.

Tena wenye tiketi wengine siku hiyo walilia. Tiketi zina rangi, kila rangi na geti lake, na mwaka huo watu wenye tiketi za zambarau, maelfu, walipangwa foleni ndani ya handaki la barabara ya 3rd Street, wakakaa humo masaa, na wengi kiapo kiliwapita wakiwa wamo humo humo handakini na tiketi halali mkononi. Kwa hiyo tiketi haikuhakikishii kuingia, na nyingi ni za kusimama, wala hakuna kiti. Soma ramani ya geti lako usiku kabla, uwe pale alfajiri.

Sasa baridi. Hili watu wetu wengi wanalichukulia poa. Zamani rais alikuwa anaapishwa tarehe 4 Machi, ni Marekebisho ya 20 ya Katiba, ya mwaka 1933, ndo yaliisogeza mpaka 20 Januari, na Roosevelt mwaka 1937 akawa wa kwanza kuapishwa tarehe hiyo. Maana yake sherehe imehamia katikati ya baridi yenyewe. Mwaka wangu ilikuwa kama nyuzi -2 saa sita mchana, na alfajiri ilikuwa mbaya zaidi, na ujue unasimama masaa sita au saba hutembei. Koti zito kila mtu analikumbuka, miguu ndo inasahaulika. Baridi inapanda kutoka ardhini. Kulikuwa na mama mmoja mtu mzima mbele yangu amekuja na kipande cha boksi, kakitandika chini kasimama juu yake, mimi nikamuona kama wa ajabu, ilipofika saa mbili asubuhi vidole vya miguu sivisikii tena na yeye yuko sawa kabisa anaimba. Akaniona ninavyorukaruka, akasogea, akanipa nusu ya boksi lake. Dakika kumi tu nikaanza kusikia vidole vinachoma, ndo vinarudi uhai. Basi beba boksi, kavu, nene, ukubwa wa viatu vyako viwili, na soksi mbili za sufu, na vile vipakti vidogo vya kupasha joto viganja, weka na kwenye viatu.

Na baridi ikizidi sana ratiba yote inabadilika. Mwaka 1985, Reagan, ilikuwa nyuzi kama -14, wakaapisha ndani ya Capitol kwenye ukumbi wa kuba na gwaride wakalifuta. Mwaka 2025 Trump naye akaapishwa humo humo ndani kwa sababu ya baridi, na tangazo lilitoka Ijumaa wakati sherehe ni Jumatatu, watu washafika mjini na tiketi zao. Hilo huwezi kulizuia, ila unaweza kukata tiketi ya ndege inayobadilishika na kuchagua hoteli inayoruhusu kughairi.

Vitu vya kubeba ni vichache. Mabegi ya mgongoni hayaruhusiwi, miavuli hairuhusiwi (ndio, hata ikinyesha, kwa hiyo koti la mvua), chupa za chai hapana, fimbo za selfi hapana, stendi za kamera hapana, na droni usithubutu hata kuifikiria. Orodha kamili inatolewa kila mara na inabadilika kidogo, isome. Mfukoni weka kitu cha kutafuna, pawabenki ndogo, kitambulisho, na karatasi uliyoandika kwa mkono namba za simu za uliokuja nao na mahali pa kukutana mkipotezana, maana mtandao unalemewa na simu ikipigwa na baridi chaji inashuka haraka mno. Yangu ilizima kabla hata ya maombi ya ufunguzi. Vyoo vya kuhamishika vipo vingi ila ukiondoka kwenda chooni ile sehemu yako ndo imekwenda hivyo, kwa hiyo usinywe chai nyingi asubuhi.

Gari liache. Katikati ya mji barabara zinafungwa kwa usalama na baadhi ya stesheni za metro zilizo karibu na njia ya gwaride zinafungwa pia. Kadi ya SmarTrip, ile ya kulipia metro, inunue na uijaze siku moja kabla, ukiwa na nauli ya kwenda na kurudi. Mwaka 2009 treni zilianza saa kumi alfajiri na zilikuwa zimejaa kuanzia hiyo ya kwanza. Ukiwa na watoto wadogo, kwa maoni yangu wabaki na mtu hotelini waangalie kwenye TV, ule msongamano sio wa mtoto wa miaka minne.

Haya, sasa kilichokupeleka. Watu wanakaa wanasubiri kiapo na hotuba, na mimi nakuambia angalia saa. Katiba inasema muhula wa rais anayeondoka unaisha saa sita kamili mchana tarehe 20 Januari, na wa mpya unaanza hapo hapo. Haisubiri sherehe ifike wapi. Makamu wa rais anaapa kwanza, halafu kwa kawaida unapigwa muziki, halafu Jaji Mkuu anamwapisha rais. Siku ile mambo yalichelewa kidogo, ilipofika saa sita kamili walikuwa wanapiga muziki Yo-Yo Ma, Itzhak Perlman na wenzao wawili, na sauti tuliyoisikia ilikuwa imerekodiwa kabla kwa sababu baridi ile ingeharibu tuni za vyombo. Yaani kwa mujibu wa Katiba Obama alikuwa ameshakuwa rais, kakaa tu kwenye kiti anasikiliza, na hakuna aliyepiga kelele. Jamaa mmoja pembeni yangu kaangalia saa ya mkononi, akasema kwa sauti ndogo, ameshakuwa. Tuliokuwa karibu naye tukakaa kimya. Sitaisahau.

Kiapo chenyewe ni maneno 35 tu kwa Kiingereza, yako kwenye Katiba, ambayo kwa Kiswahili ni kama hivi: naapa kwa dhati kwamba nitatekeleza kwa uaminifu kazi ya Rais wa Marekani, na kwa kadiri ya uwezo wangu nitaihifadhi, nitailinda na kuitetea Katiba ya Marekani. Ile "Mungu nisaidie" ya mwisho haimo kwenye Katiba, ni mazoea tu, na hata Biblia sio lazima. Mwaka ule Jaji Mkuu Roberts aliliweka neno "kwa uaminifu" sio mahali pake, Obama akasita, wakasonga mbele, na kesho yake jioni wakarudia kiapo Ikulu ili asije mtu akaleta ubishi. Kisomee kabla hujaenda, utafuata kila neno hata skrini ikiwa mbali.

Tarehe 20 ikiangukia Jumapili, kama 1985 na 2013, anaapa kwa faragha siku hiyo na hadharani Jumatatu, kwa hiyo angalia kalenda vizuri kabla ya kukata tiketi ya ndege. 2029 hakuna shida hiyo.

Wakati wewe uko pale unaganda, kule Ikulu wafanyakazi wanahamisha nyumba nzima, vitu vya familia moja vinatoka na vya nyingine vinaingia ndani ya masaa kama matano, nguo zinatundikwa kabatini kabla mwenyewe hajarudi. Na kazi inaanza mchana huo huo, marais wengi husaini amri za kwanza siku hiyo hiyo, Trump mwaka 2025 alisaini nyingine mezani mbele ya umati kwenye uwanja wa Capital One. Mawaziri wao lazima wapite Seneti kwanza, na kwa wengi hiyo inachukua wiki kadhaa. Ukitaka kufuatilia hizo amri usitegemee vipande vya mitandaoni, zinachapishwa zote kwenye gazeti la serikali liitwalo Federal Register, na kulisoma mtandaoni ni bure.

Hotuba ikiisha usikimbilie stesheni. Kila mtu anakimbilia stesheni. Kaa pale pale nusu saa, kwa kawaida utaona helikopta inanyanyuka upande wa pili wa Capitol imembeba rais aliyemaliza, na watu wote chini wananyanyua vichwa. Gwaride linapita Pennsylvania Avenue, ila kutoka Mall kwenda kulishika kwa wakati ule ni ukaguzi mwingine na foleni nyingine, chagua kimoja kabla hujatoka nyumbani. Sisi tulielekea magharibi kwa miguu, tukapita Lincoln Memorial, tukavuka daraja la Memorial Bridge kuingia Virginia, tukaenda kupandia treni Rosslyn. Tulitembea zaidi ya saa nzima, miguu ikapata joto, na kwenye treni tukapata viti.