SOMO: Kupima na kubadilisha separateri ya mafuta ya BMW M54, kabla hujakubali kufungua injini

Naandika mara moja, ili anayeuliza tena nimtumie somo hili tu. Ujumbe ni uleule kila wiki: "BMW yangu inakula mafuta ya injini, inatoa moshi wa bluu, fundi amesema segimenti (ringi za pistoni) zimekufa." Mtu anauza kiwanja apate pesa ya kufungua injini, kumbe iliyokufa ni separateri, kidude cha plastiki kilichojificha chini ya manifoldi ya hewa. Inaniuma kweli, kwa sababu kupima hakugharimu kitu.

Tunazungumzia M54, injini ya silinda sita ya lita 2.2, 2.5 na 3.0, iliyofungwa kwenye magari ya 2000 hadi 2006: E46, E39, X5 ya kwanza na wenzao. Hapa Lubumbashi E46 ni nyingi, maana zilitengenezwa hata Rosslyn, Afrika Kusini, na njia ya Kasumbalesa, mpakani na Zambia, iko wazi. M52TU iliyotangulia ina mfumo huohuo. Mwenye 318i ya silinda nne, mpangilio wako ni mwingine, usifuate hatua hizi.

KAZI YAKE

Injini hata ikiwa nzima, gesi kidogo hupenya pembeni mwa pistoni na kuingia karteri, yaani tumbo la chini la injini lenye mafuta. Isipotolewa itasukuma mafuta nje kupitia gasketi na sili. Kwa hiyo manifoldi inaivuta ikaungue. Shida ni kwamba gesi hiyo imebeba matone ya mafuta. Separateri inaizungusha, matone yanagonga ukuta na kushuka kwa mpira wa chini hadi kwenye bomba la kijiti cha kupimia mafuta, kisha yanarudi karteri. Humo ndani mna pia kiwambo cha mpira chenye springi, ambacho kinazuia manifoldi isivute kupita kiasi.

Kiwambo kikichanika, manifoldi inanyonya gesi na mafuta pamoja. Njia ya kurudishia ikiziba, mafuta hayana pengine pa kwenda isipokuwa kwenye silinda. Mipira ikipasuka, injini inavuta hewa ambayo haikupita kwenye filta wala kwenye kipima hewa. Hili la mwisho lichukulieni kwa uzito: kuanzia Mei hadi Septemba vumbi letu jekundu linaingia moja kwa moja kwenye silinda, na hapo ndipo segimenti zitakufa kweli.

DALILI

Moshi wa bluu, mafuta yanapungua, ralanti (mwendo wa injini gari likiwa limesimama) inayumba, mluzi au mlio wa kukoroma nyuma ya injini, kodi za hitilafu P0171 na P0174 (hewa imezidi petroli) kwa pamoja kwenye skana, mafuta ndani ya mpira mkubwa wa hewa. Ute mweupe chini ya kifuniko cha mafuta huonekana zaidi Juni na Julai kwa gari linalotembea safari fupi tu. Huo peke yake hauthibitishi kitu.

Dalili hizi zinafanana na za sili za valvu na za segimenti. Kwa hiyo usibahatishe, pima.

KUPIMA

Nenda kwa fundi mwashi umwombe ule mpira mwangavu anaopimia usawa wa ukuta. Huo ndio mtambo wako. Tafuta kifuniko cha zamani cha mafuta, kitoboe, bandika kichuchu na uzibe vizuri pembeni kwa gundi isiyopitisha hewa. Kunja mpira uwe kama herufi U, utundike kwenye ubao, mikono yote miwili iwe na urefu wa mita moja hivi, jaza maji hadi katikati. Upande mmoja unaingia kwenye kichuchu, wa pili unabaki wazi.

Washa injini ipate moto kabisa, iache ralanti, usiguse pedali ya gesi. Maji ya upande wa injini yatapanda. Pima kwa rula tofauti kati ya usawa wa upande mmoja na wa pili:

– Sentimita 10 hadi 15: separateri ni nzima. (Kiwango ni milibari 10 hadi 15, na milibari moja ni karibu sentimita moja ya maji.)
– Maji yanapanda kwa nguvu, yanapita 25 au 30: kiwambo kimechanika. Zima haraka kabla injini haijanywa maji. Ndiyo maana nimesema mita moja.
– Karibu sifuri: kuna mahali hewa inaingia, au mfumo umeziba. Kagua kwanza gasketi ya kifuniko cha valvu, oringi ya bomba la kijiti na mipira yote.
– Maji yanasukumwa upande wa pili: gesi ni nyingi kuliko inayotoka. Hapo pima kompresheni ya kila silinda, ndipo mzungumze habari za segimenti.

KAZI YENYEWE

1. Injini ipoe usiku kucha. Plastiki ya moto na ya kizee inavunjika ukiishika.

2. Toa waya hasi wa batri.

3. Toa filta ya hewa ya ndani ya gari na nyumba yake, boksi la filta ya injini, kipima hewa, mipira mikubwa ya hewa.

4. Toa bodi ya papiyo, ule mlango wa kuingizia hewa kwenye manifoldi (bolti nne za milimita 10), na valvu ya ralanti iliyo chini yake. Zisafishe zote mbili, umeshafika hapo.

5. Toa DISA, kile kiboksi cha ubavuni mwa manifoldi, kwa ufunguo wa nyota T40. Tikisa mlango wake kwa kidole. Ukicheza ovyo, usiurudishe: pini yake ikikatika, injini itaimeza.

6. Toa bolti ya bomba la kijiti, livute juu kwa kulizungusha. Oringi yake ya chini hakikisha imetoka; wakati mwingine inabaki shimoni.

7. Toa bolti mbili za separateri. Mipira minne iliyoishika itavunjika mikononi mwako. Iache ivunjike, lakini hesabu vipande na uvitoe vyote.

8. BOMBA LA KIJITI. Someni hapa polepole, kwa sababu ndipo gari zinaporudi na moshi uleule. Mtu ananunua separateri mpya, anafunga mipira mipya, halafu anarudisha bomba la zamani vilevile lilivyo. Bomba hili sehemu ya chini lina kuta mbili, moja ndani ya nyingine. Kijiti kinapita katikati. Mafuta kutoka separateri yanapita kwenye uwazi mwembamba kati ya kuta hizo. Uwazi huo ndio unaojaa tope jeusi. Ukichungulia kwa juu unaona mwanga hadi chini, unasema ni safi. Mwanga huo ni wa njia ya kijiti! Njia ya mafuta ni ile ya kichuchu cha pembeni.

Loweka bomba zima kwenye mazutu (dizeli) usiku kucha. Asubuhi mimina esanse (petroli) kwenye kichuchu cha pembeni, huku umekinga beseni chini. Mwanzo litatoka tone moja moja, jeusi, na vipande kama masizi. Endelea kuloweka na kumimina mpaka inayoingia juu itoke chini bila kusita, na rangi yake isibadilike. Usitumie waya wa breki wenye nyuzi, uzi mmoja ukikatikia humo umeongeza tatizo. Usipulize kwa kompresa uso wako ukiwa karibu, wala usifanye kazi hii karibu na makaa au mtu anayevuta sigara. Likikataa kabisa kufunguka, nunua jipya. Kufunga separateri mpya juu ya bomba lililoziba ni kutupa pesa, na ni hatari kwa injini.

9. Funga mpira wa chini kwenye separateri ukiwa bado nje, kisha ingiza vyote pamoja. Ukiiweka separateri kwanza, mkono hautafika huko chini. Kila kiungo lazima kilie "tak", kivute uhakikishe.

10. Bomba la kijiti na oringi mpya iliyopakwa mafuta, kisha rudisha mengine kinyume.

11. Kama uliona mafuta yametuama ndani ya manifoldi, yafute yote, toa buji sita, zungusha injini kwa starta bila buji ndipo uwashe. Mafuta hayabanwi kama hewa. Silinda ikijaa mafuta, biela (mkono wa pistoni) inapinda.

12. Futa kodi, pasha injini moto, pima tena kwa maji. Moshi kidogo utaendelea hadi mafuta yaliyobaki kwenye ekzozi yaungue.

MASWALI

Mtoto wa Kenya: Fundi, yangu inatoa moshi. Ni nini?

Jibu: Somo lote liko hapo juu. Pima, uniletee sentimita.

Mtoto wa Kenya: Sina muda wa mambo ya maji, niambie tu ninunue nini.

Jibu: Ndugu, hata mimi sijui ununue nini mpaka upime. Nusu saa na mpira wa mwashi, basi.

Mama wa Likasi: Shikamoo papa. Mimi si fundi, ila gari ni langu na nimechoka kudanganywa. Nimesimama mwenyewe na rula, maji yalitofautiana sentimita 3. Fundi anasema hiyo ni segimenti.

Jibu: Marahaba mama, umefanya kazi nzuri sana. Sentimita 3 za kuvuta si segimenti bado. Segimenti zilizokufa husukuma. Inaonekana hewa inaingia mahali. Injini ikiwa ralanti, mwambie fundi apulizie maji ya sabuni pembezoni mwa kifuniko cha valvu. Penye ufa sabuni inanyonywa ndani na mlio wa injini unabadilika kidogo. Halafu mkague oringi ya bomba la kijiti. Hayo yote ni ya bei ndogo. Kompresheni mpime mwisho, na uwepo wakati wanapima.

Dereva wa Kipushi: Kwetu tunang'oa ule mpira wa juu tu, tunauelekeza chini barabarani. Moshi unaisha siku hiyohiyo. Kwa nini mnasumbuka?

Jibu: Moshi unaisha kwa sababu unamwaga mafuta barabarani badala ya kuyachoma. Karteri haivutwi tena, unyevu unabaki ndani, tope linaongezeka, na shimo uliloacha kwenye manifoldi usipoliziba vizuri linavuta vumbi. Njia ya Kipushi unaijua vumbi lake.

Dereva wa Kipushi: Gari langu linatembea mwaka wa pili hivyo.

Jibu: Sawa. Fungua kifuniko cha mafuta ututumie picha ya chini yake.

Mwana Bukavu: Kaka, niko kwenye mita 1,500 hivi juu ya usawa wa bahari. Hewa ni nyepesi huku. Hizo 10 hadi 15 zinabadilika?

Jibu: Swali zuri sana hili. Kiwambo upande mmoja kinaguswa na hewa ya nje, upande wa pili na gesi ya karteri, kwa hiyo kinapima tofauti tu. Kwako hewa ya nje ni karibu milibari 850, wakati pwani ni kama 1,013. Manifoldi ina nguvu ndogo zaidi ya kuvuta huko juu, lakini ralanti bado inavuta mamia ya milibari, na sisi tunahitaji 15 tu. Tumia kiwango hichohicho.

Mwana Bukavu: Asante. Na RAV4 za huku, zina kitu kama hicho?

Jibu: Toyota nyingi za petroli zina valvu ndogo ya PCV kwenye kifuniko cha injini. Itoe, itikise: lazima ilie. Puliza upande wa injini, hewa ipite kirahisi. Puliza upande wa manifoldi, ipite kwa shida. Isipofanya hivyo badilisha, ni ya bei ndogo. Ila kama ni 2AZ-FE ya lita 2.4, injini hiyo inajulikana kwa segimenti za mafuta kuganda, kwa hiyo PCV ikiwa nzima na mafuta bado yanapungua, usishangae.

Kijana wa Ruashi: Yaya, ninunue separateri peke yake au na mipira? Dukani wanauza mbalimbali.

Jibu: Nunua vyote kwa pamoja, separateri na mipira minne. Mipira ya zamani haitoki mizima. Na ukipata ile iliyovikwa sponji kwa ajili ya nchi za baridi, inaingia lakini nafasi inabana sana, huku hatuihitaji.

Kijana wa Ruashi: Na mafuta gani baada ya hapo?

Jibu: 5W-30 au 5W-40 yenye kibali cha BMW LL-01 kilichoandikwa kwenye bidoni, si kwenye mdomo wa muuzaji. Bidoni iwe na sili yake. Yale ya kupimiwa kutoka kwenye pipa usiyatie kabisa.

Mama wa Likasi: Papa, sabuni imenyonywa nyuma, karibu na silinda ya sita. Gasketi imekauka kama kuni. Tunabadilisha kesho.

Jibu: Hongera mama. Wakifungua, wabadilishe pia gasketi za visima vya buji, zinakuja kwenye seti ileile. Kwenye pembe za nusu duara kule nyuma wapake silikoni kidogo tu. Kisha uturudishie kipimo kipya.