Usimsome Tippu Tip Peke Yake

Watu huniuliza waanze na kitabu gani wakitaka kuijua historia ya pwani yetu, nao hutarajia niwatajie kitabu kinene chenye ramani na majedwali. Siwatajii. Nimefundisha historia katika sekondari za Mombasa mpaka nikastaafu, na msimamo wangu ni huu: anza na maisha ya mtu aliyejisimulia mwenyewe, halafu umtafutie mwenzake wa zama zile zile aliyekuwa upande mwingine wa mambo, uwasome kwa pamoja. Mtu akizungumza peke yake atakuvutia kwake tu, hata awe mkweli kiasi gani.

Nitatumia vitabu vitatu tunavyovisoma na majirani zangu, barazani kwangu, baada ya alasiri. Cha kwanza ni maisha ya Hamed bin Muhammed el Murjebi, yaani Tippu Tip, mfanyabiashara wa pembe za ndovu na watumwa, aliyoyaeleza mwenyewe kwa Kiswahili. Cha pili ni kumbukumbu za Sayyida Salme, binti wa Sultani Said bin Sultan, aliyezaliwa Mtoni, Unguja, mwaka 1844, akaishia Ujerumani kwa jina la Emily Ruete. Cha tatu ni Uhuru wa Watumwa cha James Mbotela, kinachowahusu watu waliotekwa bara, wakaokolewa wakiwa majahazini, wakapewa makazi Freretown, hapa hapa Mombasa. Cha Salme kimeshatoka katika hakimiliki, kwa hiyo tafsiri yake ya Kiingereza utaipata bure kwenye intaneti. Cha Tippu Tip ulizia maktaba za vyuo vikuu; omba toleo la mfasiri Whiteley, kwa sababu lina Kiswahili chake na Kiingereza pamoja.

Kabla ya kusoma ukurasa wa kwanza, chukua daftari uandike miaka. Mambo yalitokea lini? Yalisimuliwa lini? Yalichapwa lini, na nani? Usiruke hatua hii, maana bila hiyo utamsikiliza mzee ukidhani ni kijana. Tippu Tip anaeleza safari alizozianza akiwa na miaka kumi na miwili, lakini maneno yake yalichapwa Berlin mwaka 1902 na 1903 kupitia Mjerumani Heinrich Brode, Tippu Tip mwenyewe akiwa mzee Unguja, miaka michache tu kabla ya kufa mwaka 1905. Salme alichapisha mwaka 1886. Alikuwa mjane tangu 1870, analea watoto watatu ugenini, na mwaka mmoja kabla ya kitabu kutoka alikuwa amerudi Unguja na manowari za Kijerumani kudai urithi wake. Kitabu cha Mbotela kilichapwa mwaka 1934, Waingereza wakitawala, na mengi anayoyaeleza yaliwapata wazazi wake, si yeye. Ukishayaona hayo, hutamwita yeyote kati yao mwongo. Utajua tu kila mmoja alikuwa anazungumza na nani.

Sasa soma, na ugawe ukurasa wa daftari sehemu tatu: aliyoyaona mwenyewe, aliyoyasikia, na watu asiowataja. Hiyo sehemu ya tatu ndiyo inayonipendeza kuliko zote, na ndiyo itakayokuchosha mkono.

Chukua pembe za ndovu. Tippu Tip huhesabu mali kwa frasila, na frasila moja ni karibu kilo 16. Basi kila unapokutana na frasila, zigeuze ziwe mabega. Mpagazi mmoja alibeba frasila mbili hivi, kilo 32. Frasila 100 ni kilo 1,600, yaani watu 50 wakiwa wameelemewa, na hapo hujahesabu wabeba vitambaa, shanga, bunduki na chakula. Njia ya kutoka Ujiji mpaka Bagamoyo ni kama kilomita 1,200. Siku tuliyopiga hesabu hii barazani, mzee mmoja aliyefanya ukuli bandarini Kilindini ujana wake wote alituambia kwamba kilo 32 si kitu, gunia la sukari lilikuwa zito kuliko hizo. Kinachoua mtu ni kulibeba tena kesho, na kesho kutwa, juu ya kidonda kile kile. Tangu siku hiyo hakuna mtu katika kikundi chetu anayepita haraka juu ya namba.

Kisha rudi kitabuni uwatafute wale watu 50. Utawakuta kama kundi. Tippu Tip anaeleza waziwazi jinsi wapagazi Wazaramo walivyomtoroka, naye akawasaka vijijini mwao, akawafunga minyororo, safari ikaendelea. Anaeleza kama mfanyabiashara anayeeleza tatizo na utatuzi wake. Usifunge kitabu kwa hasira. Andika kwenye sehemu ya tatu: hawa walikuwa na majina, wake zao walibaki wapi, shamba lililimwa na nani mwaka huo? Maswali hayo ndiyo yatakayokuchagulia kitabu kinachofuata.

Njia nyingine ninayoipenda ni kumtafuta mtu anayegusa maisha ya wote watatu. Hapa mtu huyo ni Barghash bin Said. Salme alimjua akiwa kaka. Akiwa mtoto, Salme alijifunza kuandika kwa siri, akinakili herufi za Kurani kwenye mfupa wa bega la ngamia, kwa kuwa wasichana wa jumba la mfalme walifundishwa kusoma, si kuandika. Mwaka 1859 Barghash alipotaka kumpindua ndugu yao Majid, Sultani wa wakati huo, kalamu hiyo ikamfanya Salme, binti wa miaka kumi na mitano, kuwa karani wa njama. Njama ikashindwa. Barghash akaja kutawala kuanzia 1870, na Salme aliporudi na zile manowari mwaka 1885, kaka yake alikataa kumwona.

Kwa Tippu Tip, huyo huyo Barghash ni bwana wake, na kuna sehemu Sultani anamweleza kwamba hawezi tena kuishika bara, kwa kuwa Wazungu wanaitaka hata Unguja yenyewe. Na kwa watu wa Freretown, Barghash ndiye aliyetia saini mkataba wa 1873 wa kukomesha usafirishaji wa watumwa baharini, mkataba uliodaiwa na mjumbe wa Uingereza, Sir Bartle Frere, ambaye Freretown imepewa jina lake. Kaka mkali, bwana aliyezidiwa, mtia saini. Hakuna kitabu kimoja kati ya hivi kinachokupa Barghash wote.

Kwa Mbotela nina ushauri mmoja mahususi. Anawashukuru sana Waingereza, na shukrani yake ni ya kweli. Usiicheke, maana ni mtoto wa watu waliotolewa ndani ya jahazi. Lakini kila penye sifa, weka tarehe pembeni. Waingereza walitangaza himaya yao hapa mwaka 1895, na utumwa ukakomeshwa kisheria pwani ya Kenya mwaka 1907. Jiulize wale waliokuwa mashambani kwa miaka hiyo kumi na miwili wangeandika nini.

Ukiweza, nenda mahali penyewe ukiwa na kitabu. Kengele ya Freretown bado ipo Kengeleni, ng'ambo ya Nyali, na matatu zinasimama karibu yake. Unguja, nyumba ya Tippu Tip iko Shangani, na magofu ya Mtoni yako kaskazini mwa mji, ufukweni. Soma kurasa mbili ukiwa umesimama hapo. Utaona umbali wa kutoka mlango wa jumba hadi maji, jambo ambalo hakuna mwandishi anayekuambia.

Mkishamaliza vitatu hivi, msiongeze mfanyabiashara wala binti wa mfalme mwingine. Tafuteni simulizi za wale wa sehemu ya tatu ya daftari. Mwanahistoria Marcia Wright amekusanya maisha ya wanawake waliopitia utumwa katika bara letu, na mmoja wao ni Bwanikwa, Mluba wa Kongo, aliyeuzwa mara kumi. Baba yake alidaiwa watu watatu kama fidia ya kifo cha mkewe mkubwa. Akapata wawili, na wa tatu akamtoa binti yake. Anzeni naye, na safari hii liandikeni jina lake juu kabisa ya ukurasa, kisha wale wafanyabiashara waingie sehemu ya tatu.