Zoezi la majina, namna ya kulifanya kwenye kikoba chenu

Hili zoezi, la kuonyesha wanawake weusi waliofia mikononi mwa polisi Marekani wasivyojulikana kama wanaume, sio langu, ni la Kimberlé Crenshaw, profesa wa sheria wa Marekani, alilifanya jukwaani 2016, mi nimelijaribu tu kwenye kikoba chetu hapa Kirumba, Mwanza, na halina gharama, watu kumi wanatosha.

Wasimamishe wote. Usiwaambie unatafuta nini maana ukiwaambia tu watu wanaanza kujifanya wanajua. Sema hivi, nasoma majina ya weusi waliofia mikononi mwa polisi Marekani, ukisikia usilolijua kaa, na ukikaa hunyanyuki tena. Anza na George Floyd, hapo hakai mtu, hata mama wa dagaa pale soko la Mwaloni anamjua. Eric Garner, Tamir Rice, wanapungua. Ingia sasa kwa wanawake, Breonna Taylor, kwetu walibaki wawili. Tanisha Anderson, wote chini.

Sasa hapo tulia, usiwahi kutoa lekcha. Waambie Tamir na Tanisha ni mji mmoja, Cleveland, mwezi mmoja, Novemba 2014, hazikupita hata wiki mbili kati yao. Tamir alikua na miaka 12 na kamera ilinasa kila kitu, dunia ikalia, sawa kabisa. Tanisha alikua na 37, ana ugonjwa wa akili, na waliopiga simu kuomba msaada ni ndugu zake wenyewe. Watauliza mbona hatukumsikia, waache wajibizane wao.

Atatokea wa kusema labda wanawake hawaguswi sana. Mpe ya Oklahoma City, polisi Daniel Holtzclaw alihukumiwa miaka 263 Januari 2016 kwa kuwabaka na kuwadhalilisha wanawake weusi, aliwachagua wenye rekodi za polisi akijua nani atawaamini, mpaka akamgusa bibi wa miaka 57 asiye na rekodi yoyote na bibi akaenda kuripoti. Kesi kubwa hivyo na TV kubwa za kwao nyingi ziliigusa juu juu tu! Hakuna maiti hakuna video, basi sio habari.

Kingine, na hiki msipuuze, kuna mtu ataanza kusimulia ya kwake ya hapa hapa. Kwa hiyo simu zote zikusanywe kabla, asirekodi mtu, na jina la mtu halitoki bila yeye kutaka. Sisi tulitumia beseni la dagaa, simu yangu ilinuka siku mbili.