Namna ya Kuisikiliza Kazi ya Maurice Jarre, Mtunzi wa Muziki wa Filamu

Ukitaka kuifahamu kazi ya Maurice Jarre, Mfaransa aliyezaliwa Lyon mwaka 1924 na kufariki mwaka 2009, usianze na tuni zake zilizovuma, bali anza na ngoma. Jarre aliacha masomo ya uhandisi ili asomee muziki katika Conservatoire ya Paris, chuo cha muziki, ambako alijikita katika ala za midundo, na msingi huo haukumtoka hata alipokuja kuandikia okestra kubwa.

Kwanza tafuta kazi zake alizofanya na mwongozaji Georges Franju, aliyempa filamu yake ya kwanza mwaka 1952. Wakati huo Jarre alikuwa akiongoza muziki wa jukwaani katika Théâtre National Populaire, ukumbi wa maigizo uliokuwa ukiongozwa na Jean Vilar. Katika Les Yeux sans visage ya mwaka 1960, mwanamke anaendesha gari usiku akiwa na maiti ndani, na muziki unaomsindikiza ni wa dansi ya waltz, mchangamfu kama wa sherehe. Tazama sehemu hiyo mara mbili, mara ya kwanza bila sauti, nawe utatambua kwamba hofu unayoipata inatokana na muziki kukataa kuogopa.

Kisha nenda kwenye Lawrence of Arabia ya mwaka 1962. Usiruke utangulizi wa muziki unaopigwa skrini ikiwa nyeusi, kwa kuwa hapo ndipo ngoma za timpani zinapotangulia kabla ya tuni yenyewe kujitokeza. Ukirudia, fuatilia ondes Martenot, ala ya umeme iliyobuniwa na Mfaransa Maurice Martenot, yenye sauti inayoteleza na kutetema.

Filamu hiyo ilimpatia Oscar ya kwanza. Nyingine mbili zilitokana na Doctor Zhivago ya mwaka 1965 na A Passage to India ya mwaka 1984, zote zikiwa za mwongozaji David Lean. Wasikilizaji wengi huishia kwenye tuni ya Lara, mhusika wa Doctor Zhivago, na balalaika zake, ala za nyuzi za Kirusi, wakamhesabu Jarre kuwa mtunzi wa mapenzi tu, na kwa maoni yangu huko ni kumpunja sana.

Kwa hiyo usikose Witness ya mwaka 1985, iliyoongozwa na Peter Weir. Katika tukio la kujenga ghala, Waamishi, jumuiya ya Wakristo wanaoepuka teknolojia nyingi za kisasa, wanafanya kazi kwa mikono, ilhali muziki wote umepigwa kwa sinthesaiza, yaani ala za kielektroniki. Sikiliza jinsi sauti zinavyoongezwa tabaka juu ya tabaka kadiri boma linavyosimama. Baadaye tafuta toleo la okestra la muziki huohuo, uone ni kiasi gani cha nguvu yake kilitokana na mashine, na ni kiasi gani kilikuwa katika mpangilio wenyewe tangu mwanzo.