Mzazi wako alikuwa staa wa muvi na ameshaondoka? Anzia kwenye kabati lake

Mzazi aliyekuwa anajulikana mpaka vichochoroni akifariki, kitu cha kwanza utasikia ni tisheti zenye picha yake na tamasha la kumuenzi. Hayo yasubiri kwanza, we fungua kabati lake.

Toa kaseti, CD, skripti, mikataba, madaftari, hata vikaratasi vyenye mwandiko wake ambavyo huelewi ni vya nini. Bruce Lee tuliyekuwa tunamuangalia kwenye mabanda ya video alifariki 1973, binti yake Shannon ana miaka 4 tu, lakini maandishi ya mzee yalitunzwa na humo humo ndo likatoka wazo la tamthilia ya Warrior iliyoanza kuonyeshwa 2019, miaka 46 baadae! Fikiria kama mtu angeyawashia jiko.

Kaseti za VHS ndo zina haraka, hasa mkiwa pwani kama Tanga au Dar maana joto na unyevu unaleta ukungu. Inua kile kifuniko cha mbele uangalie mkanda, ukiona unga mweupe usiichomeke kwenye deki kabisa, itachafua hedi (kile kinachosoma mkanda ndani ya deki) na kaseti zote zitakazofuata, mpelekee fundi aisafishe. Zilizo nzima zisimamishe kama vitabu na uvunje kile kijiplastiki cha mgongoni ili mtu asije kurekodi harusi juu yake. Alafu ziingize kwenye kompyuta, kopi mbili, kila moja nyumba tofauti.

Picha nazo kaa na bimkubwa na waigizaji wenzake wa zamani wakiwa bado wapo, washa rekoda ya simu, uliza huyu aliyesimama nyuma ni nani, hapa ni wapi. Majina andika nyuma kwa penseli laini, wino unapenya.

Sasa mikataba. Klipu za King Majuto, aliyefariki Agosti 2018, mpaka leo zinazunguka kwenye simu za watu, na wa kwako atazunguka hivo hivo, so mjue kipi ni chenu. Muvi nyingi za Bongo masta, yaani nakala mama, iliuzwa moja kwa moja kwa msambazaji, kwahiyo unaweza kukuta sura ya mzee iko kwenye kava ila muvi sio mali yenu, inauma sana lakini soma kwanza kabla hujaenda kugombana. Kama stori aliandika mwenyewe na hakuiuza hapo mna kitu, sheria ya hakimiliki ya Tanzania ya 1999 inamlinda mtunzi maisha yake yote na miaka 50 baada ya kifo, nendeni COSOTA, ofisi ya hakimiliki, mkaulize. Ila lazima awepo msimamizi wa mirathi aliyethibitishwa na mahakama, mkiwa na cheti cha kifo na muhtasari wa kikao cha ukoo, vinginevyo kila ndugu atasaini na kila mtu.

Na laini yake ya simu msiiache ikafa. Zile namba za uthibitisho za kufungulia Instagram na YouTube zinaingia kwenye namba hiyo, ikikaa kimya muda mrefu inafungwa na namba anapewa mtu mwingine.