Shamba Lililogeuka Kiwanja: Kibali cha Ujenzi, na Mahali pa Kudai Ukinyimwa

Swali la namna ya kupata kibali cha kujenga kwenye lililokuwa shamba, na mahali pa kudai ukinyimwa, nimelijibu mara nyingi mno tangu mashamba ya mahindi ya Isyesye, Iwambi na pembezoni mwa Mbalizi, mkoani Mbeya, yaanze kuota misingi ya nyumba. Naandika jibu mara hii moja, na atakayeniuliza tena nitamwelekeza hapa. Mimi si wakili. Ni mtu aliyepoteza shauri kwa kosa lake mwenyewe.

Hatua ya kwanza: fahamu ardhi yako iko chini ya nani. Ardhi ya kijiji husimamiwa na halmashauri ya kijiji kwa Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999, na hati yake ni hatimiliki ya kimila. Eneo likishatangazwa kuwa la mipangomiji, matumizi yake huongozwa na Sheria ya Mipangomiji ya 2007, hata kama wewe bado unalima viazi humo.

Hatua ya pili: nenda kwa afisa mipangomiji, uone mchoro wa mipangomiji wa eneo, unaoonyesha matumizi ya kila kiwanja, ule ambao watu huuita TP. Ikiwa matumizi yaliyoandikwa ni kilimo, omba kuyabadili kabla ya kuchimba msingi.

Hatua ya tatu: pima, weka bikoni (alama za mipaka), fuatilia hati.

Hatua ya nne: omba kibali cha ujenzi ukiwa na ramani za nyumba na uthibitisho wa umiliki, na kila malipo yapitie kumbukumbu namba ya serikali (control number). Mtu anayepokea ada mkononi hakupi kibali.

Hatua ya tano, kudai mahali panapostahili, ndiyo iliyoniangusha. Halmashauri yetu ilisimamisha ujenzi wangu kwa madai kwamba eneo bado ni la kilimo, ilhali barua ya kubadili matumizi nilikuwa nayo. Kwa hasira nilikwenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, kwa sababu jirani yangu alishinda huko kesi ya mpaka. Miezi ikapita, kisha wakili wa upande wa pili akaleta pingamizi la awali, yaani hoja kwamba shauri halikupaswa kufunguliwa pale, na shauri likaondolewa bila mtu yeyote kuitazama barua yangu. Jirani alikuwa amemshtaki jirani. Mimi nilikuwa nimeishtaki halmashauri, na tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2020 kuishtaki halmashauri kunafuata utaratibu wa kuishtaki Serikali. Unatoa kwanza notisi ya siku 90, nakala zake zinakwenda kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali na kwa Wakili Mkuu wa Serikali, kisha shauri linafunguliwa Mahakama Kuu, ambayo Mbeya na Iringa inapatikana, naye Mwanasheria Mkuu lazima aunganishwe. Ukimwacha nje, shauri zima linabatilika. Nakala yako ya notisi igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe, kwa maana siku 90 zisizothibitishika ni sawa na siku ambazo hazikuhesabiwa.

Maswali ya wanachama

Mjenzi wa Igawilo: Nimenunua ekari moja, mwenyekiti wa mtaa ameniandikia na kugonga muhuri. Naweza kuanza kujenga?

Jibu: Hapana. Mwenyekiti anashuhudia mauziano, hatoi kibali. Soma hatua ya pili.

Mjenzi wa Igawilo: Lakini wenzangu wote wamejenga hivyo hivyo.

Jibu: Basi siku alama ya X ya kubomolewa itakapopakwa kwenye nyumba zenu, mtakuwa wengi. Wingi wenu hautaifuta.

Mama Parachichi, Njombe: Samahani mwalimu, mgogoro wangu ni na shemeji, ambaye anadai kwamba nimejenga kwenye shamba la ukoo. Nami nisubiri siku 90?

Jibu: La, dada yangu, na umefanya vyema kuuliza kabla ya kulipa wakili. Hapo Serikali haimo. Anzia Baraza la Kata, ambalo tangu 2021 linasuluhisha tu, halitoi hukumu. Likishindwa, litakupa uthibitisho. Na zikipita siku 30 bila suluhu, unaweza kuendelea bila uthibitisho huo. Kisha nenda Baraza la Wilaya, mradi thamani ya ardhi inayodaiwa haizidi shilingi milioni 300. Usiporidhika, una siku 45 za kukata rufaa Mahakama Kuu.

Kijana wa Kihesa: Kuna jambo linanisumbua. Ikiwa notisi ni siku 90 na tingatinga linakuja Jumatatu, sheria inamlinda nani?

Jibu: Hilo ndilo swali nililopaswa kujiuliza mimi. Mahakama Kuu inaweza kutoa zuio la muda wakati notisi inaendelea kuhesabiwa. Mawakili wanaliita Mareva, na hapo usiende bila wakili. Hutolewa kwa anayeonyesha kwamba hasara yake haitafidika kwa fedha, hivyo andaa viapo, picha na barua zako zote.

Fundi Bati: Niongeze kidogo. Pigeni picha ya alama ya X siku hiyo hiyo, pamoja na bikoni ikionekana. Mvua za Mbeya zinaosha hata rangi ya mafuta.

Jibu: Ahsante, Fundi. Na barua zilazwe ndani ya mfuko wa nailoni. Yangu moja ilisomeka nusu.

Mgeni wa Tukuyu: Sijasoma yote, ila kibali kinagharimu kiasi gani?

Jibu: Soma yote. Kisha uliza halmashauri yako.