Faundesheni isiyokuacha na uso wa majivu

Jamani acheni kujaribia faundesheni mgongoni mwa mkono, mkono na uso wapi na wapi! Chora mistari mitatu ya shedi zinazokaribiana, kuanzia kwenye taya kushuka shingoni, afu toka nje ya duka maana zile taa za Kariakoo zinadanganya balaa, juani ule mstari unaopotea ndo wako. Ila usilipe kwanza, subiri kama dakika 10 hivi kuna zingine zikikauka zinabadilika rangi, mi nilishaendaga harusini uso chungwa shingo chokleti na picha zipo mpaka leo 😭 Ikikuletea kijivu, andatoni (ile rangi ya chini chini) siyo yako, tafuta yenye unjano au wekundu kidogo. Ukikosa kabisa, nunua mbili uchanganye.